Cherchesov: kipa aliyeukarabati ukuta wa Urusi, na mahali ukarabati ulipogota

Tarehe 5 Juni 2018, jijini Moscow, Urusi ilitoka sare ya 1-1 na Uturuki katika mechi yake ya mwisho ya kirafiki kabla ya Kombe la Dunia. Ilikuwa mechi ya saba mfululizo bila ushindi. Mara ya mwisho kushinda ilikuwa Oktoba 7, 2017, walipoifunga Korea Kusini 4-2. Baada ya hapo ikawa sare na Iran, kichapo kutoka kwa Argentina, sare ya 3-3 na Hispania, kisha 0-3 kwa Brazil, 1-3 kwa Ufaransa na 0-1 kwa Austria, ndipo ikaja hiyo ya Uturuki. Kwenye viwango vya FIFA mwenyeji alikuwa nafasi ya 70, ya chini kabisa kati ya timu zote 32 za mashindano hayo. Kocha alikuwa Stanislav Cherchesov, miaka 54, kipa wa zamani mwenye masharubu mazito ambayo siku hizo yalikuwa kichekesho cha televisheni nchi nzima.

Mwezi mmoja baadaye timu hiyohiyo iliitoa Hispania, ikafika robo fainali na kutolewa na Kroatia kwa matuta. Kisa hiki kimeelezwa mara nyingi kama muujiza wa nyumbani: mashabiki, hamasa, kundi jepesi. Kundi lilikuwa jepesi kweli. Lakini ukifuatilia maamuzi ya benchi moja baada ya jingine, unaona kazi ya mtu aliyeutazama mpira kwa miaka ishirini akiwa nyuma ya watu kumi, na aliyejua vizuri jambo moja: namna ya kulifunga tundu haraka. Unaona pia kwa nini kazi hiyo haikudumu.

Alikotoka

Cherchesov alizaliwa Septemba 2, 1963, Alagir, Ossetia Kaskazini. Alianzia Spartak ya Ordzhonikidze, mji unaoitwa Vladikavkaz leo, na mwaka 1984 akachukuliwa na Spartak Moscow. Huko langoni alikuwepo Rinat Dasayev, nahodha na kipa bora wa Umoja wa Kisovyeti wa wakati ule. Kwa kipa, kuwa nyuma ya mtu wa aina hiyo si sawa na mshambuliaji kuwa benchi. Mshambuliaji huingia dakika ya 70 akapata nafasi yake. Kipa wa akiba husubiri kadi nyekundu au jeraha la mwenzake, na wiki nzima hufanya mazoezi yaleyale kwa nguvu zilezile bila kujua kama kuna mechi.

Msimu wa 1988 alikwenda Lokomotiv Moscow ya Yuri Semin kutafuta mechi. Dasayev alipouzwa Sevilla mwishoni mwa mwaka huo, Cherchesov akarudi Spartak, Oleg Romantsev akakabidhiwa timu, na mwaka 1989 wakatwaa ubingwa. Kipa huyo alichaguliwa kipa bora wa nchi mwaka 1989, 1990 na 1992.

Kuna mechi mbili za msimu wa 1990/91 ambazo mtu anayetaka kuielewa Julai 1, 2018, siku Urusi ilipoitoa Hispania, anapaswa kuzijua. Katika Kombe la Klabu Bingwa Ulaya, Spartak ilikutana na Napoli ya Maradona. Mechi ya kwanza Italia ilikwisha 0-0. Ya marudiano, Moscow, ikawa 0-0 tena, Maradona akiwa ameingia kama mchezaji wa akiba baada ya kuchelewa kusafiri na timu. Matuta yakaamua: Spartak 5-3, wapigaji wote watano wa Spartak wakifunga. Dakika 210 bila kuruhusu bao, mpango mzima ukiwa ni kutofungwa na kuusubiri mwisho. Raundi iliyofuata walitoka 0-0 na Real Madrid nyumbani, kisha wakaenda Bernabéu, wakatangulia kufungwa, wakashinda 3-1. Marseille ndiyo iliyowasimamisha nusu fainali.

Mwaka 1993 alihamia Dynamo Dresden ya Ujerumani. Timu ilikuwa imenyang'anywa pointi nne kabla ya msimu kwa sababu ya hesabu mbovu, ikanusurika kushuka; mwaka 1995 ikashuka na kupokonywa leseni kabisa. Alirudi Spartak kwa muda mfupi mwaka 1995, kisha mwaka 1996 akaenda Tirol Innsbruck, Austria, na kucheza huko hadi 2002. Alichukua mataji matatu mfululizo ya ligi, 2000, 2001 na 2002, la mwisho chini ya kocha kijana wa Kijerumani aliyeitwa Joachim Löw. Mara baada ya taji hilo klabu ikafilisika. Kwa hiyo mtu huyu, kabla hajafundisha hata timu moja, alishaona klabu mbili zikianguka kwa sababu ambazo hazihusiani na mpira wenyewe.

Timu ya taifa ilimfundisha jambo jingine. Alicheza mechi 49: nane za Umoja wa Kisovyeti, mbili za Jumuiya ya Madola Huru na 39 za Urusi. Katika mashindano makubwa alikuwa akipokezana na kipa mwenzake Dmitri Kharine. Kombe la Dunia la 1994 Kharine alidaka mechi mbili za kwanza, Urusi ikafungwa zote, na Cherchesov akapewa ya tatu dhidi ya Kameruni: 6-1, Oleg Salenko akifunga matano na Roger Milla, akiwa na miaka 42, akiipatia Kameruni la kufutia machozi. Euro 1996 alianza dhidi ya Italia, akawekwa benchi dhidi ya Ujerumani, akarudishwa dhidi ya Jamhuri ya Czech. Na 2002 alikwenda Japani na Korea Kusini akiwa na miaka 38, bila kucheza. Yaani yeye mwenyewe alishakuwa yule kipa anayebadilishwa katikati ya mashindano, kwa pande zote mbili. Jambo hili litarudi.

Hali aliyoikuta

Agosti 2016 alichukua Urusi kutoka kwa Leonid Slutsky. Timu ilikuwa imetoka Euro 2016 ikiwa ya mwisho kundini kwa pointi moja, ikichapwa 3-0 na Wales katika mechi ya mwisho. Mabeki wake wa kati, Sergei Ignashevich na pacha Vasili na Aleksei Berezutski, walikuwa wamecheza pamoja CSKA Moscow kwa zaidi ya miaka kumi, na wote watatu wakaondoka karibu kwa mkupuo. Hapo ndipo penye mzizi wa tatizo. Nchi haikuwa na mabeki wengine waliozoeana.

Kwa kuwa ilikuwa mwenyeji, Urusi haikucheza mechi za kufuzu. Watu wengi huliona hilo kama nafuu. Kwa kocha ni adhabu: miaka miwili ya mechi za kirafiki, ambamo mpinzani hubadilisha wachezaji sita kipindi cha pili na hakuna pointi ya kukuambia kama umekosea.

Cherchesov alijibu kwa mabeki watatu wa kati. Katika Kombe la Mabara la 2017 walikuwa Viktor Vasin, Georgi Dzhikiya na Fyodor Kudryashov, na pembeni yao wingbeki wawili (mabeki wa pembeni wanaopanda pia kushambulia) waliokuwa viungo wa pembeni kiasili, Aleksandr Samedov na Yuri Zhirkov. Mantiki ilikuwa wazi. Kama huna mabeki wawili wa kuwaamini, weka watatu. Mmoja akipitwa, mwingine yuko nyuma yake. Walishinda 2-0 dhidi ya New Zealand, wakafungwa 0-1 na Ureno na 1-2 na Mexico, wakatoka.

Kisha mambo yakavunjika. Januari 2018 Dzhikiya aliumia kano za goti. Machi wakaumia Vasin, goti pia, na mshambuliaji Aleksandr Kokorin, goti tena. Wawili kati ya watatu wa ukuta walikuwa wameondoka miezi mitatu kabla ya mashindano. Hapo mfumo wa watatu ukageuka kuwa hatari kuliko wa wawili, kwa sababu unadai watu wanaojua nani anatoka kumfuata mshambuliaji na nani anabaki kufunika. Wawili wasiojuana wana uhusiano mmoja tu wa kurekebisha. Watatu wasiojuana wana mitatu.

Ukarabati wa wiki nne

Mei kambi ilifanyika Neustift, kwenye mabonde ya Tirol, jirani na Innsbruck. Cherchesov alikuwa kwake. Hata mechi ya kirafiki ya Mei 30 dhidi ya Austria ilichezwa kwenye uwanja wa Tivoli, Innsbruck, mji aliokuwa kipa kwa miaka sita. Walifungwa 1-0 na nyumbani kelele zikazidi, lakini matokeo hayakuwa lengo la kambi ile. Wiki zile zilikuwa za pumzi na miguu. Benchi lilikuwa na msaidizi wake wa muda mrefu Miroslav Romashchenko, makocha wa viungo, na kocha wa makipa Gintaras Staučė, Mlithuania aliyewahi kuwa kipa wa akiba wa Cherchesov pale Spartak. Kwa hiyo kipa wa Urusi, Igor Akinfeev, alikuwa akinolewa na watu wawili waliojua langoni kukoje, na mmoja wao alijua benchi la makipa vizuri kuliko wengi.

Maamuzi ya kikosi yalikuwa manne yenye uzito.

La kwanza, Ignashevich. Alikuwa na miaka 38 na alishastaafu timu ya taifa. Beki Ruslan Kambolov alipoumia katikati ya Mei, Cherchesov akamwita mzee. Kasi hakuwa nayo, ila alikuwa akicheza mbele ya Akinfeev kila wiki CSKA. Kwa kipa hilo ni jambo kubwa kuliko linavyoonekana kutoka jukwaani. Kipa anayemjua beki wake hupiga kelele chache: anajua krosi ipi beki ataiacha, anajua atageukia mguu gani. Mwenzake akawa Ilya Kutepov wa Spartak. Uhusiano mmoja tu wa kujenga, na upande mmoja wa uhusiano huo tayari uliunganishwa na kipa.

La pili, Artem Dzyuba. Mshambuliaji huyu mrefu alikuwa amewekwa pembeni Zenit na Januari 2018 akaenda kwa mkopo Arsenal Tula (ndiyo, Urusi nao wana Arsenal yao). Alikuwa hajaitwa timu ya taifa kwa muda mrefu na ilijulikana kwamba yeye na kocha hawaivi. Kokorin alipoumia, Cherchesov akamrudisha. Hili linashangaza kwa sababu historia yake ilikuwa ya kutosamehe: Julai 2008, akiwa kocha wa Spartak, alimwondoa kikosini Yegor Titov, nahodha na kipenzi cha mashabiki, pamoja na Maksym Kalynychenko, baada ya kipigo cha 5-1 kutoka CSKA. Wiki chache baadaye yeye mwenyewe akatimuliwa kwa kufungwa 4-1 nyumbani na Dynamo Kyiv. Na Igor Denisov, kiungo mkabaji aliyekorofishana naye Dynamo Moscow, hakuitwa 2018 ingawa ndiye aliyekuwa nahodha wa Lokomotiv iliyotoka kuwa bingwa wa Urusi. Kwetu sisi, Dzyuba alisamehewa kwa sababu moja ya kiufundi: timu isiyojiamini kupiga pasi kutoka nyuma inahitaji mtu wa kuupokea mpira mrefu wa kipa. Hakuwepo mwingine.

La tatu, kuacha mabeki watatu na kurudi 4-2-3-1, mfumo wa mabeki wanne, Roman Zobnin na Yuri Gazinsky wakiwa viungo wawili mbele ya ukuta, Mário Fernandes mwenye asili ya Brazil akiwa beki wa kulia.

La nne halikuonekana kama uamuzi: Akinfeev alibaki kipa namba moja bila mjadala. Miaka minne kabla, Brazil, alikuwa ametema shuti la kawaida la Korea Kusini likawa bao, na tangu hapo kila kosa lake lilikuwa likikumbushiwa. Cherchesov hakuanzisha ushindani wa maneno, hakuwapokezanisha makipa katika mashindano. Mtu aliyeonja kupokezanishwa na Kharine alijua hofu ile inafanya nini kwenye mikono.

Makundi

Juni 14, Luzhniki: Urusi 5, Saudi Arabia 0. Gazinsky alifunga kwa kichwa dakika ya 12. Dakika ya 24 Alan Dzagoev aliumia paja. Akaingia Denis Cheryshev, akafunga mawili. Dzyuba aliingia dakika ya 70 na ndani ya dakika moja na nusu akafunga kwa kichwa, akakimbilia benchi, na kocha akampigia saluti. Kiungo Aleksandr Golovin akamalizia kwa faulo. Urusi ilikimbia takriban kilomita 118 siku hiyo, na ndipo watu walipoanza kuielewa kambi ya Neustift.

Juni 19, St Petersburg, dhidi ya Misri, Dzyuba alianza. Mabao matatu yalikuja ndani ya dakika 15 za kipindi cha pili: Ahmed Fathy alijifunga dakika ya 47, Cheryshev 59, Dzyuba 62. Salah, aliyekuwa ametoka kwenye jeraha la bega, alipata moja kwa penalti. Hilo la Dzyuba lieleweke vizuri: mpira mrefu kutoka nyuma, kifua, kugeuka, shuti. Ndilo bao aliloitiwa.

Juni 25, Samara, Uruguay wakawashusha 3-0. Cherchesov alianza bila Golovin na Fernandes. Igor Smolnikov, aliyechukua nafasi ya Fernandes, alipata kadi mbili za njano kufikia dakika ya 36. Mechi hiyo ilikuwa na faida moja: ilimwonyesha kocha kitakachotokea akikutana na timu yenye ubora akiwa na mabeki wanne, huku kiungo wake akivutwa. Siku sita baadaye ilikuwa Hispania.

Julai 1

Hispania ilikuwa na msukosuko wake. Kocha Julen Lopetegui, naye kipa wa zamani, alifukuzwa siku moja kabla ya mashindano kuanza na Fernando Hierro akashika usukani. Lakini wachezaji walikuwa walewale: Ramos, Piqué, Busquets, Isco, Silva, na Iniesta akiwa benchi.

Cherchesov alirudisha watano nyuma. Kutepov, Ignashevich na Kudryashov katikati, Fernandes kulia, Zhirkov kushoto. Mbele yao Samedov, Zobnin, Daler Kuzyaev na Golovin. Dzyuba peke yake juu. Cheryshev, mfungaji bora wa timu, aliwekwa benchi. Ni mfumo ambao miezi michache nyuma ulikuwa umeporomoka, na watatu wa katikati hawakuwa wamecheza hivyo pamoja katika mashindano. Kwa nini sasa?

Kwa sababu kazi ilikuwa tofauti. Mabeki watatu wanapotakiwa kusimama mita 40 kutoka langoni na kukimbizana na washambuliaji, mawasiliano ndiyo roho ya mfumo. Wakiwekwa ukingoni mwa eneo la penalti, hakuna mgongoni pa kukimbilia. Beki wa miaka 38 haulizwi kasi, anaulizwa kusimama wapi. Hispania haikuwa na mtu wa kupiga krosi kwa Diego Costa mara kwa mara, ilitaka kupenya katikati kwa pasi fupi, na katikati palikuwa na watu saba. Wingbeki walibaki ndani kidogo, wakiwaachia mabeki wa Hispania, Jordi Alba na Nacho, pembeni kabisa, mahali ambapo mpira haumuumizi kipa. Hicho ndicho makipa huwaomba mabeki wao siku zote: nionyesheni mpigaji, msiniachie mtu aliyejificha, shuti la mbali nitalishughulikia mwenyewe.

Mpango uliharibika dakika ya 12. Faulo ya Asensio kutoka kulia, Ignashevich akiwa ameukumbatia mwili wa Ramos na kulipa lango kisogo, mpira ukamgonga kisigino ukaingia. Kosa ni la kufundishia: beki aliyegeuka kumkaba mtu hauoni mpira, na kipa hana la kufanya kwa mguso wa mita nne.

Timu nyingi zilizopaki basi zikifungwa mapema hufungua milango. Urusi haikufungua. Ilisubiri mipira iliyokufa, yaani faulo na kona, na dakika ya 40 kona ya Samedov ikamkuta Dzyuba. Kichwa chake kikaugonga mkono wa Piqué uliokuwa juu hewani. Penalti, Dzyuba, 1-1. Kuanzia hapo mechi ikawa ya aina ile ya Napoli.

Mabadiliko yanasomeka kama ratiba ya mtu anayehesabu miguu. Zhirkov hakurudi kipindi cha pili, akaingia Vladimir Granat, ukuta ukabaki wa watano. Dakika ya 61 Cheryshev kwa Samedov, ya 65 Fyodor Smolov kwa Dzyuba: pumzi mpya kwa kushambulia kwa kushtukiza, na pia wapigaji wawili wa penalti. Katika muda wa nyongeza Aleksandr Erokhin akachukua nafasi ya Kuzyaev, akiwa mchezaji wa kwanza katika historia ya Kombe la Dunia kuingia kama badiliko la nne, kanuni iliyokuwa mpya mwaka ule. Hispania ilipiga pasi zaidi ya 1,000. Urusi ilimiliki mpira takriban robo ya muda.

Kwenye matuta Smolov, Ignashevich, Golovin na Cheryshev wote walifunga. Angalia orodha: wawili kati ya wanne waliingia kutoka benchi, na wa pili ni yuleyule aliyejifunga. Iniesta, Piqué na Ramos walifunga. Akinfeev aliupangua mkwaju wa Koke. Kwa Iago Aspas alikuwa ameshajirusha kulia na mpira ulikuja katikati. Mguu wa kushoto alioubakiza nyuma ndio ulioutoa. Makipa huambiwa wasiuvute mguu wa nyuma mapema wanaporuka, kwa sababu mpigaji aliyechoka hupiga katikati. 4-3.

Wapo waliosema ule haukuwa mpira. Kwetu ni lawama ya bure. Timu iliyokuwa na ukuta wa kuokoteza ilicheza mechi pekee iliyoweza kuishinda.

Julai 7, Sochi, dhidi ya Kroatia alirudi kwa mabeki wanne na Cheryshev akaanza. Alifunga bao la mbali dakika ya 31. Kramarić akachomoa, Vida akaongeza dakika ya 101, Fernandes akasawazisha kwa kichwa dakika ya 115. Matuta tena. Smolov, aliyefunga wa kwanza dhidi ya Hispania, alipewa wa kwanza tena, akapiga mpira laini karibu na katikati na kipa Subašić akaudaka kwa mkono mmoja ingawa alikuwa na paja lililokaza. Fernandes akapiga nje. 3-4. Mabao 11 ya kufunga, saba ya kufungwa, mechi tano.

Ulipogota

Oktoba 2018 Akinfeev alistaafu timu ya taifa. Ignashevich alishatundika daluga. Kwa mpigo mmoja Cherchesov alipoteza nguzo mbili alizoziegemea, na hapa ndipo uchambuzi wa kisa hiki unapopaswa kuwa mkali. Kufuzu Euro 2020 kulikwenda vizuri kwenye karatasi: ushindi mechi nane kati ya kumi, 9-0 dhidi ya San Marino. Mechi mbili zilizopotea zilikuwa zote na Ubelgiji, 1-3 na 1-4. Novemba 2020 Serbia ikawapiga 5-0. Kila palipotokea mpinzani wa daraja la juu, tundu lilikuwa palepale.

Na langoni, mahali ambapo kocha kipa alitarajiwa kuwa na jibu, palikuwa na msafara: Guilherme, Andrei Lunev, Anton Shunin. Hakuna aliyepewa miaka miwili ya uhakika kama Akinfeev alivyopewa. Juni 12, 2021, St Petersburg, Shunin alianza dhidi ya Ubelgiji. Lukaku alifunga la kwanza baada ya beki Andrei Semenov kuuparaza mpira vibaya. Dakika ya 34 Shunin alipangua krosi ya chini kuelekea katikati badala ya pembeni, miguuni mwa Thomas Meunier. Ikaisha 0-3. Mechi iliyofuata, Shunin benchi, Matvei Safonov wa Krasnodar, miaka 22, akaanza. Finland wakafungwa 1-0. Kisha Copenhagen, 1-4 kwa Denmark. La pili la Denmark lilikuwa pasi ya Zobnin ya kurudisha nyuma bila kuangalia, na hakuna kipa ambaye angeliokoa. Urusi ikashika mkia kundini.

Kumbadilisha Shunin hakukuwa kosa. Safonov baadaye alinunuliwa na PSG, kwa hiyo jicho la kocha lilikuwa sahihi. Kosa lilikuwa wakati: uamuzi huo ulipaswa kufanyika miezi mingi nyuma, Safonov azoeane na mabeki wake katika mechi zisizoua. Kocha aliyemlinda Akinfeev dhidi ya mapokezano aliishia kuwapokezanisha wengine kama alivyopokezanishwa yeye. Julai 8, 2021 akafutwa kazi, Valeri Karpin akachukua nafasi.

Ukipitia klabu zake mchoro ni uleule. Dynamo Moscow alipokea Aprili 2014, msimu uliofuata akashinda mechi zote sita za kundi la Ligi ya Europa, mbele ya PSV, Panathinaikos na Estoril. Julai 2015 hayupo, ingawa huko matatizo ya fedha ya klabu yalichangia. Legia Warsaw aliichukua Oktoba 2015 ikiwa nyuma ya Piast Gliwice, akaipa ligi na kombe mwaka 2016, mwaka wa miaka mia ya klabu, akaondoka mara moja. Ferencváros ya Hungaria: ligi na kombe 2022, ligi tena 2023, kuongoza kundi la Ligi ya Europa mbele ya Monaco, Trabzonspor na Red Star Belgrade. Halafu Julai 2023 wakafungwa 3-0 nyumbani na KÍ Klaksvík ya Visiwa vya Faroe, na siku hiyohiyo ikawa mwisho wake.

Kazi ya Kazakhstan, mwaka 2024, inaonyesha kilichobaki na kilichokosekana kwa wakati mmoja. Mechi ya kwanza ya Ligi ya Mataifa walitoka 0-0 na Norway yenye Haaland na Ødegaard, ukuta ukiwa umesimama dakika zote 90 kama ule uliowazuia Hispania Luzhniki. Hawakuwa na Dzyuba wala Cheryshev. Walipoteza mechi tano zilizofuata, wakafungwa mabao 15, na katika mechi zote sita za kundi hawakupata hata bao moja.